Uchache wa Uchachu

Wapenzi wa lugha na ushairi, lipo neno moja ambalo sisi tunaoishi kwa mizani na vina tumelizoea mno hata hatulitazami tena. Neno hilo ni uchachu. Tumelipokea kutoka jikoni. Maziwa huchacha, tui huchacha, wali uliolala huchacha. Na kutoka hapo tukapata chachu ya mkate, kisha chachu ya maendeleo na chachu ya mabadiliko, ambazo zimekandwa majukwaani hata zimeshindwa kuumuka. Majirani zake ni ugwadu wa ukwaju, ukakasi wa ndizi mbichi na uchungu wa mwarobaini. Ulimi wa Mswahili hauchanganyi ladha hizi.

Neno hilohilo limehamia shambani. Vipeperushi vya kilimo huandika "uchachu wa udongo", na mara nyingi hufuatisha mabano yenye herufi mbili, p na H. Ndani ya mabano hayo madogo ndimo lilimo jambo ninalotaka tulizungumze, kwani nimeliona likiua miti, na miti hiyo ilikuwa riziki ya mtu.

Mtu huyo nilimfundisha Kiswahili kuanzia kidato cha kwanza hadi cha nne. Leo ni mama wa watoto wawili, na anauza miche kando ya barabara hapa Singida mjini. Faida yake kubwa haitoki kwenye miche ya kawaida bali kwenye miti ya vyunguni: milimau iliyofupishwa ikazaa ingali chini ya goti, mikuyu iliyokunjwa shina kwa waya, na miti mingine midogo ya namna ile ambayo Wajapani huiita bonsai, maana yake kilichopandwa katika sinia au bakuli. Milimau 40 aliipata kwa mkopo wa kikoba, akaitunza miaka mitatu akingoja wanunuzi wa mahoteli na maofisi.

Kiangazi kilipoanza, majani machanga ya milimau yakageuka manjano huku mishipa yake ikibaki kijani. Yeye si mtu wa kubahatisha. Alikuwa amesikia, na ni kweli, kwamba jamii ya michungwa na milimau hupenda udongo wenye uchachu kidogo. Akanunua karatasi za rangi za kupimia, akapima, akapata karibu 8. Akatafuta kipeperushi, akakuta sentensi hii: ili kuongeza uchachu (pH) wa udongo, weka chokaa au majivu. Miti yake ilitaka uchachu. Udongo wake haukuwa na uchachu. Kipeperushi kilimwambia namna ya kuuongeza. Akaweka chokaa. Alipoona manjano yanazidi, akaongeza majivu.

Mwezi wa Agosti akanijia na karatasi mkononi. Tulipomaliza shikamoo na marahaba, akasema: "Mwalimu, wewe ndiye uliyetufundisha ufahamu. Nisomee sentensi hii, uniambie nimekosea wapi."

Niliisoma mara tatu. Hakuwa amekosea popote. Alikuwa ameisoma kama Mswahili yeyote mwenye akili timamu angeisoma, na ndiyo sababu miti ilikuwa inakufa.

Tuitazame sentensi hiyo kwa utulivu. Mwaka 1909, mwanakemia wa Denmark, Søren Sørensen, alikuwa akifanya kazi katika maabara ya Carlsberg mjini Copenhagen, maabara iliyoanzishwa na mwenye kiwanda cha bia. Kwa maneno mengine, kipimo cha pH kilizaliwa katika nyumba ya chachu. Sørensen alihitaji njia fupi ya kuandika viasi vidogo sana vya haidrojeni, ile inayoipa tindikali makali yake. Katika lita moja ya maji safi, haidrojeni hiyo ni kama gramu moja iliyogawanywa kwa kumi, kisha kwa kumi tena, na tena, hadi mara saba. Badala ya kupanga sifuri hizo zote, akachagua kuandika idadi ya migawanyo peke yake: 7.

Hapo ndipo penye siri. Namba ya pH haihesabu kilichopo, inahesabu mara ngapi kimegawanywa. Udongo wa 5 umegawanywa mara tano tu, kwa hiyo uchachu uliobaki ni mwingi: ni mara 100 ya ule wa 7. Udongo wa 8 umegawanywa mara nane, na uchachu wake karibu haupo. Namba ikipanda, uchachu unashuka. Kama ningetakiwa kuifasiri pH kwa Kiswahili kwa kalamu yangu, nisingeandika uchachu. Ningeandika uchache wa uchachu. Irabu moja tu inayatenganisha maneno hayo mawili, na ndani ya irabu hiyo yamo maisha ya mlimau.

Walimu wenzangu wataelewa kwa mfano wa nyumbani. Katika matokeo ya kidato cha nne, mwanafunzi mwenye pointi 7 ndiye aliyepasua anga, kwani amepata A katika masomo yake saba bora. Mwenye pointi 30 yuko daraja la nne. Hakuna mzazi wa Tanzania anayemwambia mwanawe, "Ongeza ufaulu mpaka ufike pointi 30." Tunajua bila kufundishwa kwamba pointi na ufaulu hutembea kwa kupishana. Mwandishi wa kipeperushi naye alijua kwamba pH na uchachu hupishana, lakini aliviweka pamoja kana kwamba ni majina mawili ya kitu kimoja. Msomaji ambaye hakukaa darasa la kemia hana njia ya kujua lipi kati ya hayo mawili ndilo linaloongezwa.

Wala chokaa si ushauri mbaya kila mahali. Katika nyanda zenye mvua nyingi, kama Mufindi, Rungwe na milima ya Usambara, maji huosha chokaa ya asili miaka nenda miaka rudi na kuacha udongo mchachu. Huko mkulima wa mahindi au maharage huweka chokaa ili kuupoza udongo. Kipeperushi kilichoandikwa kwa ajili ya huko kikisafiri hadi Singida bila maelezo ni sawa na dawa ya shinikizo la juu kupewa mwenye shinikizo la chini.

Singida yetu ni nchi ya mawe ya itale. Juu, karibu na majabali, udongo ni mchanga mwepesi uliozaliwa na mawe hayo. Ukishuka, unapauka na kugandamana. Ukifika bondeni, unakutana na mbuga, udongo mweusi unaovimba masika na kupasuka nyufa kiangazi, nao mara nyingi una vijiwe vyeupe vya chokaa. Zaidi ya hapo ni maziwa ya Singidani na Kindai, yenye maji ya chumvi na magadi, ambako heroe hujipatia chakula. Mwaka 1935 Geoffrey Milne, mtaalamu wa udongo aliyekuwa kituo cha utafiti cha Amani huko Usambara, aliuelezea mfuatano wa namna hii wa Afrika Mashariki, kutoka kilele hadi bonde, akauita kwa Kilatini catena, yaani mnyororo. Neno hilo limeenea katika elimu ya udongo duniani. Lakini jirani zetu Wasukuma walikuwa na majina ya pete za mnyororo huo tangu zamani: luseni kwa mchanga wa juu, itogolo kwa udongo mgumu wa katikati, mbuga kwa mweusi wa chini. Hata wanasayansi walioandika kwa Kiingereza juu ya Tanganyika walilichukua neno mbuga kama lilivyo. Majina hayo hayakuhitaji mabano.

Mwanafunzi wangu alikuwa amechota udongo wake mbugani, kwa sababu weusi wake humdanganya macho kila mtu kwamba una rutuba tupu. Akaumwagilia maji ya kisima kirefu. Maji hayo ni magumu: sabuni haitoi povu upesi, na birika huota ukoko mweupe ndani. Katika shamba, mvua ya kila mwaka huja ikausuuza udongo. Chungu hakina bahati hiyo. Mizizi ya mti wa bonsai imekatwa ikaenea katika udongo usiozidi sahani chache. Maji hunyonywa na kukauka, na kile yalichokibeba hubaki. Kila umwagiliaji ni kijiko kingine cha magadi. Udongo ukivuka 7 na kuelekea 8, madini ya chuma yaliyomo hujifunga, mizizi ikashindwa kuyanywa, na jani hukosa kijani chake. Chuma kipo, lakini mti unakufa kwa kukikosa. Na juu ya yote hayo, chokaa, na majivu juu ya chokaa.

Nilimwonyesha jambo hili kwa vitu vya jikoni, maana mimi ni mwalimu wa Kiswahili na kemia niliisikia kupitia ukuta wa darasa la jirani. Tulichukua udongo mkavu wa mbuga, tukaudondoshea siki. Ukachemka vipovu. Hiyo ni chokaa inayojibu tindikali. Tukachemsha maua makavu ya rozela, ambayo wengine huyaita choya, tukapata maji mekundu. Tuliyadondoshea maji ya limau, wekundu ukang'aa. Tulipoyatia magadi kidogo, yakageuka kuwa na rangi ya kiza, karibu ya buluu. Kisha tukayamimina katika maji yaliyochujwa kutoka udongo wa milimau yake, nayo yakaelekea upande uleule wa magadi. Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Kumbe mimi nilikuwa naongeza magadi." Nikamjibu kwamba yeye alikuwa anaongeza uchachu, kama alivyoagizwa, magadi aliyaongeza yule aliyeandika.

Namna ya kurekebisha udongo nilijifunza kwa mchai wangu. Baada ya chuo cha ualimu nilifundisha miaka kadhaa Mufindi, na nilipohamia nyumbani Singida nilibeba mche mmoja wa chai ndani ya kopo. Wasomaji waliopita Mufindi wameona mashamba yale yaliyolala kama zulia. Mchai ukiachwa ni mti wa kupita kimo cha mtu mara kadhaa. Mikono ya wachumaji ndiyo inayouweka kiunoni. Nikaona kwamba shamba zima la chai ni bonsai isiyojua jina lake, na kwamba mche wangu ungekubali kuishi katika chungu. Lakini chai hutaka udongo wa 4.5 hadi 5.5, na mzee mmoja wa shambani aliniambia waziwazi nilipoaga: "Huu hautakufa kwa jua la Singida, Mwalimu. Utakufa kwa maji yake."

Kwa hiyo nilianza na maji. Mvua ina pH ya karibu 5.6, kwa kuwa huteremka ikiwa imeyeyusha hewa ukaa, nayo huja bila chokaa. Mvua zetu ni za msimu mmoja, takriban Desemba hadi Aprili, basi mapipa mawili chini ya bati ndiyo ghala la mchai wangu kwa miezi mikavu. Mtu asiyeweza kuhifadhi mvua anaweza kutia siki kidogo katika maji ya kisima, lakini ajue kwamba vijidudu vya udongoni huila siki hiyo baada ya muda mfupi. Ni tiba ya siku, si ya mwaka.

Kisha udongo wenyewe. Miti ya chunguni hubadilishiwa udongo kila baada ya miaka miwili au mitatu, na hiyo ndiyo nafasi ya kuchagua. Mimi hutumia mchanga mkubwa wa itale uliooshwa, vipande vya tofali la kuchoma visivyo na saruji, na mboji ya majani iliyooza vizuri. Nasisitiza saruji, kwa kuwa kifusi cha saruji ni chokaa iliyojificha. Ndugu zetu wa pwani nao wajihadhari na mchanga wenye maganda ya kombe na matumbawe, kwani huo ni chokaa mtupu.

Na mwisho, kiberiti. Wapenzi wa lugha watafurahi hapa. Neno hili tulilipokea kutoka Kiarabu, na maana yake ya kwanza haikuwa kisanduku cha njiti bali madini yenyewe ya manjano, ambayo siku hizi tunayaita salfa. Wakulima wa mikorosho, wakiwamo wa Manyoni katika mkoa wetu, wanaijua salfa ya unga kwa kupambana na ubwiri unga. Kijiko cha chai cha salfa hiyo katika ndoo ya lita 10 ya udongo, kichanganywe na kuwekwa kikiwa na unyevunyevu mwezi mmoja au miwili kabla ya kupanda. Vijidudu huigeuza polepole kuwa tindikali. Anayetaka matokeo ya kesho ataongeza kijiko cha pili na cha tatu, naye ataunguza mizizi. Udongo hurekebishwa kwa subira, kama shairi.

Hata hivyo, kuchagua kunatangulia kurekebisha. Mkwaju humea wenyewe katika nchi yetu, hukubali chungu, hukubali mkasi, wala haulalamikii maji ya kisima. Tunda lake ni gwadu kuliko matunda mengi, lakini mti hautaki udongo mgwadu. Ladha ya tunda hutengenezwa na mti, haichotwi ardhini. Lugha inaweza kututega hapo pia. Mbuyu na mgunga vilevile ni wenyeji. Mtu anayeanza bonsai Singida na aanze na mwenyeji, kisha akiwa na pipa la mvua amkaribishe mgeni.

Katika milimau ile 40, 23 haikupona. Iliyobaki 17 tuliing'oa pamoja, tukaisuuza mizizi, tukaipanda katika mchanga wa itale na mboji, na akaazima pipa langu moja. Majani mapya ya Desemba yalitoka kijani. Mkopo wa kikoba anaulipa bado. Siku hizi anauza mikwaju zaidi ya milimau, na kwenye kila chungu cha mlimau amefunga kipande cha karatasi chenye maneno matatu aliyoyatunga mwenyewe: "Mvua, si kisima."

Ninaposoma karatasi ile najiuliza sisi wa lugha tumefanya nini. Baraza la Kiswahili la Taifa lilianzishwa mwaka 1967, na tangu wakati huo tumesanifu istilahi nyingi. Lakini istilahi haiishi ikishachapwa katika orodha. Huishi au hufa pale inapokutana na mtu mwenye chepe mkononi. Pendekezo langu ni dogo. Namba tuiite kwa jina lake, kipimo cha pH, wala tusiipe jina la ladha. Uchachu tuuachie maana yake ya ulimi: udongo mchachu ni ule ulio chini ya 7. Ulio juu ya 7 tuuite udongo wa magadi, kwa maana kila mpishi wa makande anajua magadi ni kitu gani. Na vitenzi viwe vya wazi: chokaa hupunguza uchachu, salfa huongeza uchachu. Sentensi hizo mbili haziwezi kusomwa kinyume.

Wapo watakaosema kwamba haya ni mambo ya wataalamu wa kilimo. Nakataa kwa heshima. Mtaalamu hujua kemia. Kazi ya kujua msomaji atasikia nini neno likimfikia ni yetu sisi, tunaopima silabi moja moja ili mshororo usizidi wala usipungue. Tukiweza kugombania mizani ya ubeti, tunaweza pia kugombania mizani ya sentensi moja ya kipeperushi.

Nami nisiondoke bila kulipa kodi ya ukumbi huu. Ubeti huu nilimwandikia mwanafunzi wangu, naye ameubandika penye banda lake la miche:

Mti mdogo chunguni, haukosi mahitaji,
Usiupime machoni, uulize kwanza maji,
Na neno la kitabuni, lionje kama mlaji,
Chachu na iwe shinani, magadi kwa mpikaji.

Mwenye istilahi bora kuliko hizi zangu na aitoe tuijadili, na mwenye ubeti wa kujibu asisite. Ila kabla ya kuitoa, amsomee kwanza mtu mwenye chungu na mti, amwulize amesikia nini.